Taa ya injini nayo yataka msomaji makini

MUHULA wa kwanza wa mwaka 2024 ulikuwa haujafika nusu gari langu lilipoanza kunizimikia njiani. Ni gari dogo la Kijapani la injini ya lita moja na nusu, kuukuu kiasi, la aina ambayo hukosi kuiona mbele ya chumba cha walimu katika shule nyingi za kutwa humu nchini. Barabarani lilikwenda vyema. Shida yake ilikuwa kusimama. Kila nilipoondoa mguu kwenye pedeli ya mafuta nikikaribia mzunguko wa barabara mjini Nakuru, injini ilitetemeka kama mtu aliyeshikwa na homa, kisha ikanyamaza. Nyuma yangu matatu zilipiga honi, na makanga wakanipa majina nisiyoweza kuyaandika katika gazeti linalosomwa na wanafunzi. Kwenye dashibodi ikawaka taa ndogo ya manjano yenye umbo la injini.

Nafundisha Kiswahili, wala sijidai kuwa fundi. Nasimulia kisa hiki kwa sababu katika miaka yangu yote ya kusahihisha karatasi za ufahamu sikudhani kwamba siku moja ningelikuta kosa la wanafunzi wangu chini ya boneti ya gari langu, nami nililipie shilingi 9,700.

Nililipeleka gari katika gereji yenye sakafu ya saruji na vyeti ukutani. Fundi akachomeka chini ya usukani kifaa cha kusomea kompyuta ya injini, na kwenye kioo chake pakatokea msimbo P0011 pamoja na sentensi fupi ya Kiingereza. Kwa lugha yetu sentensi hiyo yasema hivi: mkao wa kamshafti ya vali za kuingiza hewa umetangulia kupita kiasi. Fundi alipofika kwenye maneno "mkao wa kamshafti" alitabasamu, akakizima kifaa.

"Mwalimu, hii ni sensa tu."

Ni kweli ipo sensa inayopima mkao wa kamshafti, na jina lake kwa Kiingereza huanza kwa maneno hayo hayo. Akaibadilisha kwa shilingi 4,500. Maadamu boneti ilikuwa wazi, akabadilisha na plagi zote nne kwa shilingi 3,200, kisha akadai 2,000 za ufundi. Taa ikazimwa kwa kifaa kile kile. Siku ya tatu ikawaka tena, na gari likanizimikia katika mzunguko ule ule. Niliporudi nikaambiwa kwamba basi itakuwa ni cheni, na kwamba uso wa injini sharti ufunguliwe kwa shilingi 35,000. Hapo nikashukuru, nikaomba ufunguo wangu.

Hebu tuirudie sentensi ile kama tunavyofanya darasani. Inazungumzia nini? Mkao wa kamshafti. Inasema nini juu ya mkao huo? Kwamba umetangulia kupita kiasi. Kompyuta imejuaje kwamba umetangulia? Imeambiwa na sensa. Kwa hiyo sensa katika sentensi hii ndiye shahidi aliyepiga ripoti, naye fundi wangu alimtia shahidi pingu. Sensa yenyewe ikifa ina msimbo wake, P0340. Na waya wa vali inayoongoza mkao huo ukikatika upo msimbo wa jirani, P0010. Tofauti ya P0010 na P0011 ni tarakimu moja tu, lakini wa kwanza walalamikia umeme ilhali wa pili walalamikia mwendo. Wa tatu wao, P0012, wasema kinyume cha wa pili, yaani kamshafti imechelewa.

Mwalimu mwenzangu wa Fizikia alinielekeza kwa kijana mmoja aliyewahi kumfundisha, aliyekomea Kidato cha Tatu karo ilipokosekana, na ambaye sasa anafanya kazi chini ya mti nyuma ya soko, katika uwanja wa jua kali. Zana zake zilikuwa ndani ya ndoo. Nilimkabidhi karatasi niliyoandika ule msimbo. Akaisoma, akaisoma tena, halafu akauliza swali ambalo hakuna aliyekuwa ameniuliza.

"Mwalimu, oili ulibadilisha lini?"

Nikababaika. Kibandiko kwenye kioo kilisema nibadilishe baada ya kilomita 5,000. Nilikuwa nimepita 11,000, tena kwa oili ya kupimiwa kwenye chupa kando ya barabara. Akachomoa kijiti cha kupimia. Oili ilikuwa nyeusi, nzito, na imeshuka chini ya alama. Methali ya ufa na ukuta nimewaandikisha wanafunzi mara nyingi mno kuliko nilivyoitii.

Ili msomaji aelewe kwa nini alianza na oili, sharti nieleze kidogo mtambo huu. Kamshafti ni mhimili wenye vifundo ambavyo hufungua vali za injini. Huzunguka mara moja kwa kila mizunguko miwili ya krenkshafti, nazo zimeunganishwa kwa cheni. Katika magari ya zamani uhusiano wao haukubadilika. Vali zilifunguka wakati ule ule wa mzunguko, gari liwe linapanda mlima au limesimama. Ni kama lango la shule linalofunguliwa saa moja kamili kila siku, wanafunzi wawe elfu moja au kumi. Injini inapokwenda kasi hufaidika vali za kuingiza hewa zikifunguka mapema, maana hewa haina muda wa kutosha kujaza silinda. Injini inaponguruma polepole hutaka zifunguke baadaye. Zikiwahi, moshi uliokwisha kuungua hurudi na kuchanganyika na hewa safi, na moto ukawa dhaifu. Ile ndiyo homa ya gari langu.

Alfa Romeo waliuza gari lenye uwezo wa kubadilisha wakati huo mwaka 1980. Honda wakaja na mtambo wao wa VTEC mwaka 1989, na Toyota wakaanza na VVT-i mwaka 1995. Katika mitambo ya namna hii ya mwisho, ile gia iliyo kwenye ncha ya kamshafti ina vyumba vidogo ndani yake. Oili ya injini ikisukumwa katika chumba cha upande mmoja, kamshafti hutangulia. Ikisukumwa upande wa pili, hurudi nyuma. Anayeamua oili iende wapi ni vali ndogo, yapata urefu wa kidole, yenye solenoidi. Nje ina koili ya waya, ndani ina mchi mdogo wa chuma unaoteleza katika kinu chake. Umeme ukipita, koili hugeuka sumaku na kuusukuma mchi. Umeme ukikatika, springi huurudisha. Oili ndiyo damu na msuli wa mtambo wote huu. Oili ikiwa tope, mchi hukwama.

Kijana hakuitoa vali ile mara moja. Kwanza aliwasha gari, likaanza kutetemeka, kisha akachomoa plagi ya waya ya vali. Mtetemo haukubadilika hata chembe. Akanieleza kwamba kama kosa lingekuwa ni amri mbaya ya kompyuta, kukata umeme kungeirudisha vali mahali pake na injini ingetulia. Haikutulia, basi vali imekwama, au kuna kitu mbele yake kilichokwama. Akazima gari, akangoja lipoe, akaweka ncha mbili za mita yake kwenye miguu ya solenoidi. Mita ikaonyesha ukinzani wa omu 7.3. Mwongozo wa injini yangu wataka kati ya 6.9 na 7.9 kukiwa na baridi ya kawaida, nyuzi 20.

"Basi ni nzima," nikasema kwa furaha.

"Koili ndiyo nzima, Mwalimu. Mchi hatujauuliza."

Akafungua bolti moja kwa spana namba 10, akaizungusha vali kwa mkono na kuichomoa. Oili kidogo ikadondoka kwenye kitambaa. Akaiunganisha na betri kwa nyaya mbili, sekunde moja au mbili tu. Wanafunzi wa Fizikia waweza kupiga hesabu wenyewe: volti 12 ukizigawa kwa omu 7.3 utapata ampea 1.6 hivi, ambazo ni takriban wati 20 katika koili ndogo namna ile, na ukiuacha umeme muda mrefu itaungua. Vali nzima hulia "tak" na mchi huruka, kisha hurudi. Mchi wangu ulijikokota nusu ya njia, ukabaki pale hata baada ya nyaya kuondolewa. Tulikuwa tumempata.

Kwa hofu ya gharama nilimwomba aisafishe. Akaisafisha kwa dawa ya kusafishia kabureta mpaka mchi ukaanza kuruka, akanionya kwamba ameona mikwaruzo kinuni. Gari likatulia siku tisa. Siku ya kumi makanga wakanikumbuka tena.

Hapa sina budi kuungama. Kwa kazi ile ya kwanza kijana alinitoza shilingi 500, nami nililipa huku moyo ukininong'oneza kwamba nimepunjwa, maana hakubadilisha kitu. Zile 9,700 za gereji nilizilipa bila kunung'unika kwa sababu niliondoka na maboksi matupu ya spea kama ushahidi. Tangu siku hiyo nimekuwa mpole zaidi ninapowalaumu mafundi. Ni nani aliyewafunza kubadilisha kabla ya kupima, kama si sisi wateja tusiotaka kulipia kufikiri? Fundi anayetumia saa nzima kuuliza maswali atakula nini, ikiwa mteja hulipia chuma tu?

Vali mpya ilinunuliwa Barabara ya Kirinyaga jijini Nairobi, ikaletwa kwa matatu. Kijana aliipima kabla ya kuifunga, kwani boksi jipya si hakikisho la kitu kizima: omu 7.1, na mchi uliruka kama inavyopasa. Akaondoa waya wa hasi wa betri. Akachomoa vali ya zamani, kisha akafungua bolti nyingine ambayo sikuijua, na nyuma yake akatoa kichujio kidogo cha wavu, si kikubwa kuliko kifuniko cha kalamu, kilichozibwa na masizi. Vali mpya nyuma ya kichujio kama kile ingekosa oili ya kutosha, nami ningerudi nikilalamika kwamba nimeuziwa spea bandia. Kikaoshwa, kikarudishwa. Pete mpya ya mpira ikapakwa oili ili isichanike, vali ikasukumwa mahali pake, bolti ikakazwa kwa kiasi, maana hapo chuma ni aluminiamu na uzi wake hukatika kwa ubabe. Oili yote ikamwagwa, ikatiwa mpya pamoja na chujio lake kubwa. Kazi yote haikuzidi saa moja na nusu.

Injini ilipowashwa ikanguruma kwa utulivu. Nilikwisha kutia mkono mfukoni, lakini mwenzangu hakuwa amemaliza. Akachomoa plagi ya vali injini ikiwa inanguruma, akaipa vali umeme wa betri moja kwa moja. Gari likashikwa na ile homa yangu ninayoijua, karibu lizime. Akaondoa nyaya, likatulia. Akarudia.

"Umeona, Mwalimu? Sasa ugonjwa wako naweza kuuleta na kuuondoa."

Nimehudhuria warsha nyingi za ualimu, na sikumbuki kuona uthibitisho uliokuwa bayana kuliko ule. Nilimuuliza kwa nini hajafanya mtihani wa ufundi wa NITA, hata wa daraja la tatu, ili awe na karatasi ya kuonyesha. Akasema atafanya. Mwenzangu wa Fizikia anasema amekuwa akisema hivyo kila mwaka, na kila mwaka ada hiyo huishia katika karo ya mdogo wake. Sisemi kwamba vyeti vya ile gereji ya kwanza ni vya bure, aliyevipata alivisomea. Nasema kwamba yule asiye navyo ndiye aliyeisoma sentensi hadi nukta, na kwamba mfumo wa 8-4-4 ulioanza mwaka 1985 kwa ahadi ya kuunganisha kitabu na mkono ulimwacha yeye nje ya darasa akiwa na vyote viwili. Walimu wa mtaala mpya, unaojinadi kwa umilisi, wangefanya vyema kumwalika kwa kipindi kimoja. Mita ipo maabara, na magari ya kupimwa yameegeshwa nje ya dirisha.

Mimi nimeanza kwa nilicho nacho. Vali ya zamani naiweka mezani, na tunapofanya ufahamu huwaandikia wanafunzi wa Kidato cha Tatu sentensi ya P0011 ubaoni, nikawauliza nani analalamika na analalamikia nini. Wiki iliyopita msichana mmoja wa dawati la nyuma aliichukua, akausukuma mchi kwa ncha ya penseli, akaungoja urudi. Haukurudi. Akainua mkono akataka kujua kama wale wa gereji waliwahi kuitoa na kuitazama, au waliiona jina tu.

Nikamwambia hata jina lake hawakuwa wamelifikia.