KICC: Jumba la umma lililozaliwa kama nyumba ya chama

Na MWANDISHI WETU

UKITOA mfukoni noti yoyote ya Kenya ya toleo la 2019, iwe ya Sh50 au ya Sh1,000, utaona picha ya jumba lile lile: mnara mrefu wa mviringo, na kando yake paa lililochongoka mithili ya nyumba ya msonge.

Hilo ni Jumba la Mikutano ya Kimataifa la Kenyatta, maarufu kama KICC, lililo katikati ya jiji la Nairobi karibu na Majengo ya Bunge.

Maelfu ya watu hulipita kila siku wakielekea kazini. Wengi wao hawajui kwamba halikukusudiwa kuwa jumba la mikutano, wala kwamba kwa miaka mingi lilikuwa mikononi mwa chama cha siasa.

Katika miaka ya 1960, muda mfupi baada ya uhuru, chama tawala cha KANU kilitaka kujijengea makao makuu. Kazi ya kuchora ramani ilimwangukia Karl Henrik Nøstvik, msanifu majengo kutoka Norway aliyekuja nchini kupitia mpango wa misaada wa nchi yake. Alifanya kazi hiyo pamoja na Mkenya David Mutiso, aliyekuwa msanifu mkuu wa serikali.

Hapo ndipo fumbo la jumba hili lilipoanzia. Nyumba ilikuwa ya chama, lakini walioichora walikuwa wakifanya kazi katika wizara ya serikali. Enzi hizo mpaka baina ya chama na serikali ulikuwa mwembamba kama uzi, na wachache walithubutu kuuliza ulipita wapi.

Ujenzi ulianza 1967. Kazi ikiendelea, mpango ulipanuliwa hatua kwa hatua, kwani Nairobi ilikuwa imeteuliwa kuandaa mkutano wa mwaka wa Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF) mnamo Septemba 1973. Ulikuwa mkutano wa kwanza wa aina hiyo kufanyika barani Afrika, na jiji halikuwa na ukumbi wa kuwatosha wageni hao.

Hivyo ofisi za chama zikageuka kuwa mnara wa orofa 28 wenye urefu wa takriban mita 105, ukiambatana na kumbi kubwa za mikutano. Jumba lilikamilika 1973. Ni humo ambamo aliyekuwa Rais wa Benki ya Dunia, Robert McNamara, alitoa hotuba yake mashuhuri kuhusu ufukara wa watu wa mashambani.

Ustadi wa wasanifu hao unaonekana katika namna walivyooanisha usasa na mazingira. Ukumbi wa mduara una paa lenye umbo la pia, linalowakumbusha wengi nyumba za jadi. Mnara nao umevikwa zege lenye rangi ya udongo mwekundu, na zege hilo huchomoza nje ya madirisha na kuyatilia kivuli.

Kivuli hicho si pambo tu. Nairobi iko karibu na Ikweta, na jumba lililozungukwa na vioo vitupu hugeuka tanuri ifikapo alasiri. Zege lililochomoza huzuia miale kabla haijagusa kioo, na hivyo kupunguza joto ofisini.

Kileleni palijengwa mkahawa uliokusudiwa kuzunguka polepole ili mlaji aone jiji lote bila kuinuka kitini, na juu yake pahali pa kutua helikopta. Uani ipo sanamu ya Mzee Jomo Kenyatta akiwa ameketi, kazi ya mchongaji Mwingereza James Butler.

Kwa zaidi ya miongo miwili hakuna jumba nchini lililoupita mnara huo kwa urefu, hadi yalipochipuka mengine kama vile Times Tower.

Mikutano mikubwa ilifuatana. Mnamo 1976 palifanyika mkutano wa Umoja wa Mataifa kuhusu Biashara na Maendeleo, na 1985 wanawake kutoka pembe zote za dunia walikutana humo kutathmini muongo wao. Disemba 2015 ilikuwa zamu ya Shirika la Biashara Duniani.

Hata hivyo, mashavu ya nje hayakuonyesha njaa ya ndani. KANU ilikuwa na makao yake humo na ndiyo iliyopokea kodi ya pango kutoka kwa wapangaji, zikiwemo ofisi za umma.

Mnamo 1989 chama hicho kilitaka jumba jingine refu zaidi, la orofa 60, katika bustani ya Uhuru Park. Profesa Wangari Maathai aliupinga mpango huo hadharani, akakejeliwa hadi Bungeni. Wafadhili walirudi nyuma na jumba hilo halikujengwa kamwe.

KANU iliposhindwa katika uchaguzi wa Disemba 2002, serikali mpya ya NARC haikukawia. Mapema 2003 ililitwaa KICC, ikishikilia kuwa lilijengwa kwa fedha za umma. KANU ililalamika kwamba imepokonywa mali yake, lakini ilibidi ihame.

Kuwa mali ya umma hakukuliepusha jumba na misukosuko. Disemba 2007 ndipo palipokuwa kituo kikuu cha kujumlisha kura za urais. Mzozo ulizuka mbele ya kamera, wanahabari wakaondolewa, na matokeo yakatangazwa katika chumba cha pembeni. Ghasia zilizofuata ziliangamiza watu zaidi ya 1,100.

Mnamo 2019, noti mpya zilipotolewa, wapinzani walienda mahakamani wakidai kwamba sanamu ya Mzee Kenyatta iliyo pichani inakiuka Katiba, ambayo hairuhusu sura ya mtu binafsi kwenye sarafu. Mahakama Kuu ilitupilia mbali kesi hiyo.

Novemba 2023, serikali ililiorodhesha KICC miongoni mwa mashirika 11 ya kubinafsishwa. Chama cha ODM kilienda kortini. Septemba 2024 Mahakama Kuu iliibatilisha Sheria ya Ubinafsishaji ya 2023, ikaeleza pia kuwa jumba hilo ni turathi ya kitaifa inayolindwa kisheria.

Mgala muue na haki yake umpe: bila KANU, huenda mnara huo haungesimama. Lakini chama kilipolitumia kama nyumba yake, ilibidi uchaguzi mzima upite ndipo lirudi kwa wananchi, na serikali ilipotaka kuliuza, ni mahakama iliyoizuia.

Wananchi ndio wanaobeba picha yake mfukoni. Kila mara jumba hili lilipokuwa hatarini kuwatoka, lilibaki kwa sababu kulikuwa na mtu aliyethubutu kuuliza ni la nani.