Mtoto wa Sinema ni Amana

Siku hizi wazazi wengi huona fahari mtoto akitakiwa kucheza filamu. Mzee mmoja wa Makambako alitujia hapa Njombe kutaka shauri. Binti yake wa miaka kumi na mmoja ameombwa na wapiga filamu. Je, amruhusu? Hatukumjibu upesi, tulimsimulia habari za watoto wawili.

Wa kwanza ni Nikita Pearl Waligwa wa Uganda. Katika filamu ya Queen of Katwe, iliyotoka mwaka 2016 chini ya uongozi wa Mira Nair, alicheza Gloria, kitoto kinachomfundisha mwenzake sataranji na kumweleza ya kuwa katika mchezo ule aliye mdogo aweza kuwa mkubwa. Mwaka huo huo alionekana ana uvimbe katika ubongo. Matabibu wa kwao walisema hawana vyombo vya kumtibu. Mira Nair akawahimiza watu wachange, mtoto akapelekwa India. Mwaka 2017 aliambiwa amepona, lakini baada ya mwaka uvimbe mwingine ukaonekana. Alifariki Februari 2020, umri wake miaka 15, naye ni mwanafunzi wa Gayaza High School. Kazi ilikuwa imekwisha zamani, lakini aliyemwita hakumtupa.

Wa pili ni Jackie Coogan wa Marekani, aliyecheza na Charlie Chaplin katika The Kid mwaka 1921, angali mdogo sana. Alichuma mamilioni ya dola. Alipotimiza miaka 21, mwaka 1935, hakukabidhiwa mali yake. Mwaka 1938 alimshtaki mama yake mzazi na baba yake wa kambo, akaambulia kiasi cha dola 126,000 tu. Kwa ajili yake, mwaka 1939 jimbo la California lilitunga sheria ya kumwekea akiba mtoto mchezaji. Coogan aliendelea kucheza hata uzeeni, akafa mwaka 1984. Mali ya utoto wake haikurudi.

Nasi tunayo Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, isemayo kazi ya mtoto isimdhuru wala isimkoseshe masomo. Basi tulimwambia mzee awaulize watu wale mambo manne: Ujira utawekwa wapi? Siku za shule zitakuwaje? Nani wa nyumbani atakaa naye? Na akiugua, nani atamuuguza?

Mzee alirudi Makambako, akauliza. Matatu walijibu, la nne walinyamaza. Binti hakwenda. Alilia sana, na hata leo hajamsamehe baba yake. Hatumlaumu, kwani hajui alichokingwa nacho. Lakini amana haitolewi kwa mtu asiyesema ataitunzaje. Mwenyezi Mungu atuwezeshe kuzirudisha amana zetu zikiwa salama.