Mwimbaji Aliyeandikiwa Tafsiri ya Lugha Yake

Katika filamu ya François Truffaut iitwayo Tirez sur le pianiste, iliyotolewa mwaka wa 1960, mwanamume mmoja anaimba ndani ya baa, uso umekauka, maneno yakimtoka kama mvua ya mawe. Ghafla maneno hayo yanaandikwa chini ya picha. Filamu ni ya Kifaransa, wimbo ni wa Kifaransa, na waliokusudiwa kuutazama ni Wafaransa! Mtayarishaji alikuwa amelalamika kwamba bwana huyo haeleweki, naye Truffaut, badala ya kumwondoa, akamwandikia matini.

Huyo ndiye Boby Lapointe. Wanafunzi wetu wa Kifaransa humjua Édith Piaf. Huyu aghalabu hawamjui. Alizaliwa Pézenas, kusini mwa Ufaransa, mwaka wa 1922, akapenda hisabati. Wakati wa vita alipelekwa Austria kufanya kazi ya lazima, akatoroka. Alipata kuwa mpiga mbizi, na baadaye fundi wa kufunga antena za televisheni mjini Paris. Sifa kubwa hakuipata mapema. Hata katika Les choses de la vie ya Claude Sautet (1970) haimbi. Ni dereva tu wa lori linalozuia njia panda, na ajali ikatokea.

Ufundi wake ulikuwa katika sauti za maneno. Chukua anwani ya wimbo wake mmoja, Ta Katie t'a quitté. Maana yake ni kwamba Katie wako amekuacha, lakini sikio husikia saa ikigonga: ta-ka-ti-ta-ki-te. Huzuni na kichekesho vimo katika silabi zile zile. Ukiifasiri, saa inasimama.

Wako wasomi wanaouona mchezo wa aina hii kuwa utoto. Nami nilikuwa mmojawao. Mwanafunzi wangu aliwahi kujibu swali la mtihani kwa sentensi moja yenye "paa" nne: mnyama, sehemu ya nyumba, kitendo cha kwenda juu na kile cha kuondoa magamba ya samaki. Zote zilikuwa sahihi. Nilimpunguzia alama na kuandika pambizoni, "Acha mzaha." Ama kwa hakika, alikuwa ameielewa homonimia kuliko mhadhara wangu, na alama zile sikumrudishia kamwe.

Lililonivuta zaidi kwa Lapointe ni mfumo wa tarakimu alioubuni mwaka wa 1968, uitwao bibi-binari. Alitwaa konsonanti nne, H, B, K na D, akazioanisha na irabu nne, O, A, E na I, akapata silabi kumi na sita, kuanzia HO, yaani sufuri, hadi DI, yaani 15. Silabi zote ni wazi, kama zetu! Mwalimu wa Kiswahili na mwenzake wa hisabati wanaweza kuingia darasani pamoja na somo hili: "baba" ni 85, "bibi" ni 119, "kaka" ni 153, "dada" ni 221, na "kiboko" ni 2888. Babu hana nafasi, kwa kuwa irabu U haimo.

Lapointe alifariki huko huko Pézenas akiwa na umri wa miaka 50. Kwa hesabu yake mwenyewe, alizaliwa mwaka wa bikohe, akafa mwaka wa bikibo.