Wakfu ni wa Mungu, Kamati ni ya Nani?

Wakfu, katika sheria ya Kiislamu, ni mali ambayo mwenyewe ameifunga isiuzwe, isirithiwe wala isitolewe zawadi, ili faida yake, iwe kodi ya nyumba au mavuno ya minazi, itumike daima katika jambo la kheri alilolitaja. Na kwa kuwa mali hiyo haina tena mwenyewe miongoni mwa binadamu, huwekewa msimamizi aitwaye mutawali, ambaye ameshika amana tu wala hana milki. Katika vijiji vya kusini mwa Kwale, kuanzia Msambweni hadi Vanga, wakfu ulio wa kawaida zaidi ni msikiti na makaburi, na pengine kipande cha shamba. Huko Shimoni, ng'ambo ya kisiwa cha Wasini, ambako utalii wa baharini na bandari ya uvuvi vimefanya kiwanja cha ufuoni kitazamwe kwa jicho jingine, swali la nani anayeshika amana hiyo si dogo hata kidogo.

Nchini Kenya swali hilo hujibiwa na sheria mbili zisizozungumza lugha moja. Ya kwanza ni ya wakfu, iliyotungwa na Waingereza mwaka 1900, ikaandikwa upya mwaka 1951, na nafasi yake kuchukuliwa na Sheria ya Wakfu ya 2022. Hii ndiyo inayoipa Tume ya Wakfu madaraka juu ya mali zilizofungwa. Ya pili ni Sheria ya Vyama ya 1968, ambayo kwayo kamati nyingi za misikiti husajiliwa kama vile kinavyosajiliwa chama cha kuzikana, zikiwa na katiba, daftari la wanachama na mwenyekiti wa kuchaguliwa. Hapo ndipo mkanganyiko unapozaliwa, kwa sababu mutawali huwekwa kwa mujibu wa sharti la aliyetoa mali, ilhali mwenyekiti huwekwa kwa kura, na watu wa kawaida, bila ya kosa lao, huwaona wawili hao kuwa ni mtu mmoja.

Ugomvi wa uchaguzi ukizuka, wengi hudhani utapelekwa kwa Kadhi. Sivyo. Ibara ya 170 ya Katiba ya 2010 imeipa Mahakama ya Kadhi mamlaka juu ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi pekee, tena pale ambapo wahusika wote ni Waislamu na wamekubali kuhukumiwa nayo. Uchaguzi wa kamati haumo, na wakfu wenyewe haukutajwa. Jambo hili si geni: mwanzoni mwa miaka ya 1950, Baraza la Faragha mjini London, likiamua rufani iliyotoka Kenya, ndilo lililosema ni wakfu upi wa familia ulio halali na upi si halali, kana kwamba maana ya sadaka ya mtu wa Mwambao ilikuwa ikihifadhiwa kando ya mto Thames.

Mlango wa kwanza, basi, ni wa Msajili wa Vyama, ambaye hupaswa kuarifiwa mabadiliko ya viongozi katika siku 14, na ambaye, asiporidhika ni akina nani viongozi halali, aweza kukipa chama mwezi mmoja kuleta ushahidi kwamba ugomvi umekwisha, la sivyo usajili wake waweza kufutwa. Mlango wa pili ni wa mahakama za kawaida, ambako upande mmoja huomba amri ya kuzuia kamati mpya isiingie ofisini au isiguse akaunti ya benki. Hakimu hatauliza nani mchaji zaidi. Atauliza kama tangazo la mkutano lilitolewa kwa muda uliowekwa, kama akidi, yaani idadi ya chini ya waliohudhuria, ilitimia, na hasa nani alikuwa mwanachama. Swali hili la mwisho ndilo gumu kuliko yote, maana anayeswali msikitini kila siku si lazima awe na jina daftarini, na daftari lililojazwa majina mapya wiki ya uchaguzi huonekana safi kwa karani wa mahakama.

Hata hivyo, kamati iliyoshinda kesi imepata viti tu: kama inaweza kukodisha shamba au kujenga vibanda vya biashara kando ya makaburi ni jambo linalotegemea hati ya wakfu, na pale ambapo wakfu ulitolewa kwa mdomo mbele ya wazee ambao sasa wamekwisha kufa, hati hiyo haipo.