Kufuli Likigoma, Chukua Penseli

[MUZIKI WA KUFUNGUA]

MTANGAZAJI: Leo tuko Nakaloke, kaskazini mwa mji wa Mbale, kwenye barabara ya Soroti. Wakati wa kiangazi vumbi la huku ni kama la kambini: linaingia kwenye kufuli, ufunguo unagoma, na kadi yako ya chakula imo ndani. Usilivunje bado. Tafuta penseli.

Tunaiita kalamu ya risasi, lakini haina risasi. Ndani yake mna grafiti iliyochanganywa na udongo wa mfinyanzi. Grafiti huteleza hata bila mafuta. Penseli laini, yenye alama ya 2B, ina grafiti nyingi kuliko HB.

Kwa kufuli: isugue kwenye meno ya ufunguo, kisha uingize na kuutoa mara kadhaa. Usitie mafuta ya kupikia, yanashika vumbi.

Kwa bawaba za mlango: pasua penseli, saga kiini chake juu ya jiwe huku umefunika pua, chekecha kwa kitambaa. Changanya na mafuta ya mgando kidogo kidogo hadi iwe nzito kama dawa ya meno.

Usipake kwenye beringi za baiskeli, udongo utazila. Wala karibu na nyaya za sola. Grafiti inapitisha umeme.

Na wewe mzazi, usipasue betri kuukuu kutafuta unga mweusi. Ule una kemikali zinazodhuru ngozi na macho, na watoto watakuiga.

Jaribu leo, umwonyeshe na jirani.

[MUZIKI]