Merkiri nyekundu: kachupa kanakokula jasho la mchimbaji

Ndugu wachimbaji, na ninyi mama zetu wa kutwanga mawe,

Kijana mmoja wa kwetu Bwegera alirudi kutoka machimboni bila pikipiki. Aliiuza. Wenzake wa shimo waliongeza pesa ya masomo ya watoto, wakanunua kachupa kadogo kenye maji mekundu. Waliambiwa: hii ni merkiri nyekundu, mukiiweka kando ya shimo itavuta dhahabu yenyewe. Walingojea siku tatu. Dhahabu haikuja, na simu ya muuzaji haipiti tena.

Hatumtaji jina, wala hatumcheki. Sisi wa sendika tulikaa naye pamoja na mke wake, tukaona afazali tuandike, maana yeye si wa kwanza na kachupa bado kanatembea.

Tusikilize kwanza sifa za hii kitu. Wanasema inapenda dhahabu na inakimbia kitunguu saumu. Wanasema ukiiweka mbele ya kioo, sura yake haionekani. Eti iko ndani ya televizyo za zamani, ndani ya viota vya popo, hata mu koo za maiti za wafalme wa Misri. Eti inaponyesha magonjwa, inaita majini, inatajirisha, na tena inatengeneza bomu ya atomiki. Kitu kimoja, kazi zote hizo! Hata mu hadithi za bibi zetu, kila dawa ilikuwa na kazi yake.

Ukweli ni huu: merkiri nyekundu ya namna hiyo haipo. Uvumi wake ulipanda sana miaka ya 1980 na 1990, wakati Umoja wa Kisovieti ulikuwa unaanguka, na walanguzi wakaitembeza Ulaya kama siri ya silaha. Mwaka 2004 Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki lilisema wazi kwamba haipo. Lakini uongo haukufa. Mwaka 2009, kule Saudia, watu walilipa pesa nyingi sana kwa cherehani za zamani za Singer, kwa kuamini iko ndani ya sindano. Mwezi wa kwanza 2013, mji wa Chitungwiza, Zimbabwe, mlipuko uliua watu kwa nyumba ya mganga, na wengi walisema ilikuwa bomu iliyofunguliwa ili kutafuta hiyo merkiri. Kwa hiyo si Bwegera peke yake.

Kwa nini sisi wachimbaji tunadanganywa upesi? Kwa sababu merkiri ya kweli, ile nyeupe inayoteleza kama fedha iliyoyeyuka, inafanya kazi kama miujiza mbele ya macho yetu. Unaichanganya na mchanga mzito, inashika vumbi ya dhahabu ambayo jicho halioni, inakuwa donge. Unachoma, merkiri inapanda hewani, dhahabu inabaki. Mtu aliyeona hayo kila siku, akiambiwa kuna nyekundu yenye nguvu zaidi, ataamini. Lakini hata ile nyeupe haiiti dhahabu kutoka mbali. Inashika ile tu iliyoigusa. Liko pia jiwe jekundu la kweli, sinabari, ambalo merkiri inatokamo. Kule Almadén, Hispania, walilichimba miaka mingi sana. Jiwe hilo nalo halivuti dhahabu.

Na hapa ndipo penye uchungu wetu. Tunatafuta nguvu mu kitu kisichokuwepo, na ile iliyopo inatuua polepole. Moshi wa merkiri hauna harufu, mara nyingi hauonekani. Unaingia mu mapafu, unaenda kwa ubongo na mafigo. Mikono inatetemeka, mtu anasahau, anakasirika bure, jamaa wanasema amerogwa. Mama mwenye mimba akiuvuta, mtoto anaumia akiwa bado tumboni. Ndiyo maana Mkataba wa Minamata, uliopitishwa 2013 na kuanza kutumika 2017, unataka kumaliza kazi ya kuchomea donge fasi watu wanakaa.

Basi tunaomba mambo machache. Usichome donge mu nyumba, wala kwa sufuria ya chakula. Chomea mbali, upepo ukiwa mgongoni, watoto na wenye mimba wasikaribie. Afazali zaidi, shimo mbili tatu zichange zinunue chombo cha kuchomea kilichofunikwa, chenye bomba: moshi unapoa, merkiri inarudi kuwa maji, unaitumia tena. Hapo umelinda mapafu na umelinda mfuko.

Na kachupa kekundu kakifika kwako, usigombane. Mwambie muuzaji: mchanga huu tumeujaza sisi wenyewe, weka kachupa kako pembeni, vuta dhahabu tukiona, malipo baadaye. Utaona vile atakumbuka safari.

Yule kijana amerudi kubeba mifuko ya mchanga. Mke wake anauza ndagala kando ya barabara ya Uvira. Wenzake wa shimo wameanzisha likelemba. Zamu ya kwanza italipa masomo, ya pili itatafuta pikipiki. Itachukua miezi, lakini hiyo pesa wanaihesabu wao wenyewe, na kila mmoja anajua iko wapi.