Kijumwa: Mtunzi au Mtunzaji?

Katika hadithi za nchi za kubuni, zile za majoka na wachawi ambazo wanafunzi wengi wa hapa Arusha huazimana mpaka jalada linatoka, hakosekani mzee mmoja anayekaa ndani ya nyumba ya vitabu. Hapigani vita, wala hatawali. Lakini shujaa hawezi kuanza safari bila kwenda kumwuliza, kwani yeye ndiye ajuaye nini kimeandikwa wapi. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba fasihi yetu ilikuwa na mzee kama huyo, tena wa kweli, na kwamba sisi wahakiki tunakula kwenye sahani yake bila kumjua.

Naye ni Muhammad bin Abubakar Kijumwa wa Lamu, aliyezaliwa yapata 1855 na kufariki 1945. Alikuwa mshairi, fundi wa kuchonga mbao, mpiga ala na mchezaji wa ngoma. (Usishangae: shehe wa kutulia mkekani tu hakuwa.) Jengo la maktaba hakuwa nalo, wala mshahara wa mkutubi. Kazi iliyompa jina ni kunakili tenzi kwa hati za Kiarabu, kwa mwandiko mzuri uliopambwa. Wataalamu wa Kizungu waliotaka tenzi za Lamu walipita kwake: Alice Werner, William Hichens, na Ernst Dammann aliyekuwa Lamu mwaka 1936. Wakapata walichotaka, wakaenda nacho. Ndiyo maana miswada mingi ya mkono wake iko London na Ujerumani.

Sasa basi, kunakili huku kusidhaniwe kuwa ni kama kupiga fotokopi. Hati za Kiarabu zina alama tatu za irabu fupi, na Kiswahili kina irabu tano. Kwa mtindo wa kale, i na e zilishirikiana alama moja, u na o nyingine. Kwa hiyo ukikuta "pita" huenda ni "peta", na "kuku" huenda ni "koko". Herufi ya p nayo haimo katika Kiarabu, hivyo b ilibeba sauti zote mbili, na m iliyo mbele ya b mara nyingi haikuandikwa. Matokeo yake, neno moja lile lile karatasini laweza kusomwa bata, pata, au mbata. Hebu fikiria: ndege, kupata, na nazi kavu! Mizani haisaidii kitu hapa, maana yote matatu yana silabi mbili. Kinachobaki ni muktadha, na akili ya mtu aliyeusikia utenzi ukiimbwa kabla hajaushika kalamuni. Mnakili wa namna hii anasoma, anaamua, ndipo anaandika. Huo ni uhakiki, ingawa haukuitwa hivyo.

Hapo ndipo linapokuja suala la Utenzi wa Fumo Liyongo. Mswada unaojulikana sana ni wa Kijumwa, wa mwaka 1913, na Abdilatif Abdalla aliuhariri ukachapishwa Dar es Salaam mwaka 1973. Wengi wetu katika semina tunaandika "mtunzi: Kijumwa, 1913", halafu tunakimbilia maudhui. Kwa kuwa 1913 Lamu ilikuwa chini ya Mwingereza, basi mfalme wa Pate anageuzwa gavana, Liyongo anakuwa mpigania uhuru, na mwana anayemchoma babake kitovuni kwa sindano ya shaba anakuwa kibaraka. Uhakiki mtamu huo, lakini msingi wake ni tarehe tu. Edward Steere alikwisha kuchapa kisa cha Liyongo katika kitabu chake cha mwaka 1870, wakati Kijumwa ni kijana wa miaka kama 15. Ukitaka kuusoma ukoloni ndani ya utenzi huu, inakubidi uonyeshe ni ubeti gani ulioingia kwa mkono wa Kijumwa na upi aliupokea.

Wapo wanaovuta kamba upande wa pili: eti yeye alikuwa karani tu, mtunzi ni jadi. Nao siwakubalii. Mchonga mlango wa Lamu hakubuni nakshi zote anazozichonga, lakini hakuna atakayesema mlango ule haukutengenezwa na yeye.

Huku kwetu Meru tunao mfano ulio karibu. Wameru walipofukuzwa Engare Nanyuki mwaka 1951, Kirilo Japhet alikwenda Umoja wa Mataifa mwaka 1952 kuwasemea. Kitabu cha kesi hiyo kilipotoka mwaka 1967 kilikuwa na majina mawili juu: la Kirilo na la mwanasheria Earle Seaton. Msomaji anaambiwa tangu jalada kwamba zaidi ya mkono mmoja umepita hapo. Utenzi wa Liyongo tumeupa jina moja na mwaka mmoja, tukaridhika.

Kwa mwanafunzi wa Arusha, zamani kuiona miswada kulimaanisha siku nzima ya basi hadi maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambayo ina mkusanyiko wake na orodha aliyoitengeneza J.W.T. Allen, iliyochapishwa 1970. Siku hizi picha za miswada mingi iliyoko London zinaonekana kwenye intaneti. Anayezisoma hati hizo atafute ukurasa mmoja wa mkono wa Kijumwa, aulinganishe na chapa ya herufi za Kirumi, na aanze kuhesabu b.